Siku Chuo Kikuu Kilipokuja Kuniposa

Wiki iliyopita mvua ilikatika ghafla nikiwa ndani ya basi, nikashuka Kilburn kabla ya kituo changu, nikasema nitembee kidogo. Sikuwa na jambo huko. Lakini unajua miguu ilivyo, ikishazoea njia haikuulizi. Nikajikuta nimesimama mbele ya nyumba tuliyopanga zamani, natazama dirisha la juu kama mtu aliyesahau funguo ndani. Chini, palipokuwa duka la jirani yetu, sasa wanauza makava ya simu. Juu mtu alikuwa anakaanga vitunguu, dirisha wazi, na harufu ikanishukia pale pale njiani. Tangu siku hiyo mambo haya hayanitoki kichwani, na leo nimeona nikusimulie wewe, maana wanangu nikiwasimulia wananijibu kwa Kiingereza.

Tulikaa pale mimi, mama na bibi mzaa baba. Wazee wangu walitoka Unguja baada ya Mapinduzi, wakapitia Dar es Salaam na kwengine ambako hawakupenda kupasimulia, wakaishia Kilburn katika vyumba viwili vyenye kuta zinazotoka maji wakati wa baridi. Baba alifariki nikiwa mdogo. Mama alikuwa nesi na zamu zake hazikuwa na mwisho, kwa hiyo nyumba ilikuwa ya bibi. Jumamosi asubuhi sauti ya kwanza niliyoisikia ilikuwa ya mbuzi ya kukunia nazi, bibi ameikalia juu ya zulia, gazeti la Kiingereza limetandikwa chini yake. Hiyo ndiyo faida pekee aliyoiona bibi katika gazeti la Kiingereza. Kazi zangu zilikuwa kuchuja tui, kuchagua mchele na kuteremka dukani kufuata iliki.

Mwenye duka alikuwa Mhindi aliyezaliwa Unguja, mtaa mmoja na bibi, na Kiswahili chake kilikuwa kizuri kuliko changu. Alimwita bibi Bi Mkubwa. Bibi alimwita mwanangu, ingawa mvi walikuwa nazo sawa. Pale dukani kulikuwa na mihogo, ndizi mbichi, samaki mkavu aliyeufukuza mtaa mzima, na maneno ya bure kwa kila mteja. Ukitaka kujua nani anaumwa na nani anaoa kuanzia Kilburn mpaka Tottenham, ulinunua kibiriti ukasimama kidogo.

Mpira nilianzia skuli, kwa sababu wavulana walikosa mtu wa kumweka nyuma. Wakaniweka mimi, na ikadhihirika kwamba nina kipawa cha kuwaudhi washambuliaji. Baadaye nikajiunga na wasichana waliokuwa wakicheza bustanini Jumamosi. Kochi wetu alikuwa mwanamke wa Kanada, mrefu, nywele fupi, anayechechemea kidogo. Kwao alikuwa beki, tena beki wa kuogopwa. Hapa London alifundisha timu ya wanawake ya chuo kikuu kimoja, timu ambayo hakuna mtu mwengine aliyeitaka, wachezaji wake wakivaa jezi zilizochakaa za wanaume zinazowafika magotini. Yeye alisema ni bora hivyo, zinakinga baridi. Jumamosi alikuja kwetu kwa hiari yake, na filimbi na mfuko wa mipira, akatusimamisha kwenye tope akitufundisha kusubiri. Kucheza beki, alisema, ni kusubiri mwenzako akosee. Na alikuwa na neno alilolirudia mpaka tukalikariri: mshambuliaji akikosea watu husema bahati mbaya, beki akikosea husema jina lake.

Bibi hakukataza mpira nilipokuwa mdogo. Mtoto acheze, alisema, asipocheza atachezea akili za watu. Lakini nilipovunja ungo maneno yakabadilika. "Ukimaliza skuli, na mpira basi," aliniambia siku moja tukikunja nguo. "Mtu mzima hakimbizani na watu." Nikimwendea mama, mama alisema nizungumze na bibi. Nikimwendea bibi, bibi alisema ameshasema. Na mwaka huo huo, mwaka wa mwisho wa skuli, kochi akaniambia kwamba ananitaka. Nifanye mazoezi na timu yake ya chuo, nisome mitihani yangu, nikifaulu niingie chuoni kwake nicheze na nisome. Sijawahi kutaka kitu kama nilivyokitaka kile. Nilikuwa nikilala nakiota, nikiamka naogopa.

Kochi alisema atampigia bibi simu. Nikamwambia bibi hapigiwi simu akaombwa kitu, simu kwake ilikuwa ya habari za misiba. Basi kochi, ambaye baada ya mazoezi alipitia dukani kununua ndizi, akamwuliza mwenye duka afanye nini. Mwenye duka akafikiri, akamwambia mtoto wa watu haombwi kwa mikono mitupu, wala haombwi na mtu peke yake. Uende na watu wazima, uende na sinia, mimi nitakuwa msemaji wako. Masikini, nia yake ilikuwa njema. Ila maisha yake yote alikuwa ameona njia moja tu ya kwenda kwa wazee wa Kiunguja kumtaka binti yao, na hiyo ndiyo aliyomfundisha.

Wakaja Jumapili baada ya alasiri. Mwenye duka alipiga hodi kwa sauti ya heshima ambayo hatukuizoea, akaingia mbele amevaa suti ya harusini. Nyuma yake mkewe, amebeba sinia lililofunikwa kitambaa cha hariri. Na nyuma yao kochi, ndani ya gauni, jambo ambalo sikuwahi kuliona na sikuliona tena. Bibi alilitazama sinia. Sinia limefunikwa, watu wazima wamepangana, uturi unanukia mpaka ngazini. Mtu wa Unguja hahitaji kuambiwa. Akamtazama mama, mama akanitazama mimi, nami nikasukumwa jikoni, kwa sababu msichana hakai mbele ya wanaokuja kumposa. Mama akanifuata, akanishika mkono.

"Ni nani huyo mwanamme? Sema sasa hivi, kabla bibi yako hajasikia kwa watu."

"Wallahi mama sijui."

Nikaweka jicho kwenye upenyo wa mlango. Kochi alikuwa amekaa ukingoni mwa kiti, magoti pamoja. Akasema kwa Kiswahili alichofundishwa, polepole, kama mtu anayevuka maji juu ya mawe: "Tumekuja kwenu kwa jambo la kheri."

"Kheri ikaribie," alisema bibi. "Na bwana harusi ni nani?"

Mwenye duka akakohoa. "Bwana harusi hasa hayupo, Bi Mkubwa. Ni chuo kikuu."

Nikasikia birika tu likichemka. Nilijua nimekwisha. Bibi alikuwa mcheshi kwa mambo mengine yote, lakini mambo ya heshima hakutaka yachezewe, na hapa alikuwa ameletewa posa kamili, na halua na uturi, kwa niaba ya jengo. Mwenye duka akaanza kueleza, akaeleza tena, jasho likimtoka, mpaka mkewe akamgusa goti anyamaze.

Bibi akaagiza kahawa. Kisha akakaa vizuri, akajifunga upya mtandio, akauliza yale yote yanayoulizwa siku kama hiyo. Anatoka wapi? Wazee wake wako hai? Ana kazi gani, na kazi yenyewe ni ya kudumu? Kochi akajibu moja baada ya jingine, mwenye duka akitafsiri. Nikasikia mambo ambayo sisi wachezaji wake hatukuwahi kuyasikia. Baba yake alikuwa dereva wa lori. Kazi ya chuo aliipata kwa kuwa hakuna mwengine aliyeiomba, na kila mwaka alikuwa hajui kama mwaka unaofuata watamweka. Hakupamba kitu.

"Na yeye wakati wake," akauliza bibi, "nani alikwenda kwao kumtaka?"

Kochi akasema hakuna. Alikuwa na umri kama wangu timu ya mji mwengine ilipomchukua, akacheza kwenye viwanja ambavyo theluji imesukumwa pembeni, watazamaji wazazi wachache na mbwa wao. Baba yake alisikia habari zake kwa watu. Siku kano ya goti ilipokatika, timu ilimtafutia kiti cha basi, ikamrudisha. Baba akampokea kituoni binti yuko kwenye magongo, akawa na hasira, na hakuwa na wa kumwuliza, kwa sababu hakuna aliyewahi kufika kwake.

"Kwa hiyo nikaona," alisema, "nikimchukua mtoto wa mtu, mtu huyo aujue uso wangu."

Mwenye duka alitafsiri neno hilo la mwisho kwa sauti ndogo. Bibi alimsogezea kochi sahani ya tende, akangoja mpaka amekula. Kisha akasema kama inavyosemwa: "Tumesikia. Tutatazamana. Jibu litakuja."

Kochi akateremka ngazi akiamini amekataliwa. Mwenye duka alipata kazi ya kumweleza kwamba kwetu hata aliyekubali zamani husema hivyo hivyo, hatoi mtoto papo hapo kama anayemtafutia pa kumtupa. Mimi sikuwa na wa kunieleza. Nilijua kitu kimoja tu, kwamba posa ikikataliwa vitu hurudishwa kama vilivyokuja, na halua ilikuwa juu ya kabati, haijaguswa. Kila nikitoka skuli nilikwenda kuitazama. Bibi alinikuta nikiitazama, akaniuliza kama nyumbani kwetu hakuna chakula.

Jumamosi iliyofuata nilitoka kuoga nikamkuta bibi ameshatengeneza sinia, amelifunika kitambaa kile kile cha hariri. Halua haikuwapo juu ya kabati. "Peleka chini," alisema. "Yule Mzungu wako nimemwita, anangoja." Hakuniambia zaidi, na sikuthubutu kufunua. Niliteremka ngazi zile nalia, machozi yanaingia mdomoni na mikono imeshika sinia siwezi kuyafuta. Kochi aliponiona usoni alielewa, akainama akatazama viatu vyake. Mwenye duka akalipokea sinia akafunua. Ulikuwa mkate wa kumimina, wa moto bado, mvuke wa iliki ukapanda. Halua bibi alikuwa ameshaigawa kwa majirani tangu asubuhi, maana ndivyo watu wanavyojulishwa kwamba posa imekubaliwa.

Mwenye duka akapiga makofi, akamkumbatia mkewe mbele ya wateja. Mimi nilikaa juu ya gunia la mchele. Nimezaa watoto, nimepona ugonjwa, nimepata karatasi za nyumba, lakini pumzi niliyoishusha siku ile sijapata kuishusha nyingine kama hiyo.

Baadaye bibi mwenyewe akateremka, baibui ndani na koti juu, kutaja mahari. "Mahari ni haki ya mtoto, si yangu," alimwambia kochi. "Nataka cheti chake cha chuo. Mpira utakwisha siku goti litakapotaka. Cheti hakina goti." Akaongeza kwamba miguu ifunikwe, na kwamba anayemchukua ndiye atakayemrudisha mpaka mlangoni. Kochi alikubali yote.

Na aliyatimiza. Nilicheza na suruali ndefu chini ya kaptula, na kila jioni ya mazoezi kochi alipanda ngazi zetu kwa goti lake lile, akanikabidhi, akanywa chai. Bibi alikuja kunitazama mara moja, amejifunika blanketi kwenye kiti cha kukunja, akauliza mbona sifungi. Nikamweleza kazi ya beki. "Kumbe kazi yako ni kuwanyima wenzio furaha," alisema, na kochi alipotafsiriwa alicheka akasema hajawahi kusikia ikielezwa vizuri hivyo. Cheti kilipopatikana bibi alikitundika jikoni, mvuke wa wali ukakikunja pembeni, lakini hakukubali kihamishwe.

Kochi aliendelea vile vile miaka yote aliyofundisha. Alikwenda Ilford kwa wazee wa Kisingasinga, alikwenda Tottenham akakalishwa ibada nzima kanisani kabla ya kusikilizwa. Kila msichana aliyemtaka alimfuata kwao kwanza, na timu ile isiyotakiwa ikawa ya kugombaniwa. Aliwahi kuniambia kwamba bibi angemkataa, asingepata moyo wa kupiga hodi mlango wa pili.

Sasa mwenye duka hayupo tena, mkewe anakaa kwa wanawe, na ile bustani wamejenga maghorofa. Binti yangu naye anacheza. Ruhusa yake ililetwa kwenye simu, nikabonyeza ndiyo nikiwa kwenye foleni ya maziwa. Nilipomkaribisha kochi wake nyumbani anywe chai, aliniuliza kwa wasiwasi kama kuna tatizo. Ni msichana mzuri, sina la kumlaumu. Lakini sijui wazee wake, wala yeye hajui sebule yangu ina rangi gani.

Bibi alipofariki, kochi alikuja matangani. Alikuwa amejifunga mtandio, hakujua kuufunga, na kwa kuwa goti halikunji alikaa chini mkekani mguu ameunyoosha mbele za watu, uso mwekundu kwa aibu na kwa kulia. Wageni waliotoka mbali walimtazama, na mmoja akamwinamia mama akamwuliza huyu Mzungu ni nani kwetu. Mama alikuwa anasoma, hakuinua macho kwenye msahafu.

"Mkwe," alisema.

Hakuna aliyeuliza zaidi. Wakamsogezea mto, akaegesha goti.