Mjomba Aliyesaini Kama Mke

Nyumba yetu ya Mikumi ilipigwa mnada mama akiwa shambani. Aliporudi, jembe begani, alimkuta mtu asiyemjua akipima dirisha la sebuleni kwa futi kamba.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Unapima nini?"

"Mapazia. Nimeinunua hii nyumba leo asubuhi."

Baba alikuwa amekopa benki anunue mashine ya kukoboa mpunga. Injini ikafa, marejesho yakamshinda, na barua za benki akazificha chini ya godoro. Nilimkasirikia mpaka nikashindwa kumsalimia. Mama hakupoteza muda kukasirika. Kesho yake alivaa viatu vya kanisani, akapanda basi la Kilosa, akafungua shauri katika baraza la ardhi. Hoja yake ilikuwa moja tu: nyumba ya ndoa haiwekwi rehani bila mke kuridhia kwa maandishi, na yeye hakusaini kitu.

Wakili wa benki alijibu kwamba ridhaa ipo, na saini ipo. Nilijua tumekwisha.

Kwetu sisi watu wa milimani, ardhi hufuata ukoo wa mama, na anayeisemea ni mjomba. Kiwanja cha nyumba yetu mama alipewa na ukoo wake. Kwa hiyo benki ilipomwambia baba alete ridhaa ya upande wa mke, alikwenda moja kwa moja Berega kumchukua kaka yake mama. Mjomba alikuja na tai, akasaini kwa mwandiko wake mzuri wa shule ya misheni. Ofisa mikopo akagonga muhuri bila kusoma.

Siku ya ushahidi, mwenyekiti wa baraza aliinua ile fomu. "Mwenza wa mkopaji ni nani hapa?"

Mjomba akasimama, akanyoosha koti. "Ni mimi, mheshimiwa."

"Wewe? Huyu bwana ni mumeo?"

"Mume wapi! Huyu shemeji yangu. Ila ardhi ni yetu, na msemaji ni mimi."

Watu waliangua kicheko mpaka karani akaacha kuandika. Wakili wa benki alijifunika uso kwa faili. Nilimpenda mjomba siku ile kuliko sikukuu zote alizowahi kutuletea zawadi.

Mauzo yalifutwa. Mnunuzi alirudishiwa fedha zake, deni likabaki letu, na baba akauza mashine ili aanze kulilipa.

Jioni ya siku mauzo yalipofutwa tulikula wote sebuleni. Baba alikuwa hajagusa ugali. "Nisamehe, mama watoto," alisema. "Sikukuambia kwa sababu niliogopa utakataa."

Mama alimshangaa. "Nikatae kwa nini? Mashine ile niliitaka kuliko wewe. Ungeniletea ile fomu, ningesaini palepale."

Hapo akasikia alichosema mwenyewe, akainua macho kuangalia dari, kisha kuta, moja baada ya nyingine. Halafu akamsogezea baba bakuli la mboga.