Upande wa Kushoto wa Skrini

Baba alipata kiharusi wakati watu wa kwetu Dutwa wakipalilia pamba. Aliamka asubuhi, akataka kusimama, mguu wa kushoto ukakataa, akaanguka kati ya kitanda na kabati. Aliporudi kutoka hospitali alikuwa anatembea kwa fimbo na mkono wa kushoto ulikuwa umelegea, lakini maneno yalitoka vizuri na alitutambua wote. Tulimshukuru Mungu. Tuliona tumepona.

Alikuwa dereva wa lori. Kwa miaka zaidi ya ishirini alibeba pamba kutoka maghala ya vijijini kuipeleka kinuni kuchambuliwa, na msimu ukiisha alibeba mpunga, saruji, chochote ambacho tajiri wake wa Bariadi alipata. Madereva wa kwetu humwita mwenye gari tajiri, na baba alilitamka neno hilo kama cheo. Hakuwahi kuua mtu barabarani. Hilo alilisema mara nyingi, hata kwa wageni ambao hawakumuuliza.

Mimi nilikuwa nimemaliza chuo cha kompyuta Mwanza, nikarudi nyumbani kusubiri ajira. Nilikuwa na kompyuta yangu ya chuoni na chaneli ndogo ya video mtandaoni. Nilicheza gemu la kuendesha malori, programu ikirekodi kila kilichopita kwenye skrini, nami nikisimulia kwa Kiswahili changu chenye Kisukuma ndani yake. Baadaye nilikata sehemu zinazochosha, nikaweka maandishi, na siku nyingine nikabandika picha ya ng'ombe katikati ya barabara ili watu wacheke. Watazamaji walikuwa wachache, wengi wao watu niliosoma nao.

Baba hakuwa na la kufanya mchana, akaanza kukaa karibu yangu nikirekodi. Kwanza alinyamaza. Kisha akaanza kunisahihisha.

"Punguza, mayu. Kona hiyo huingii na mwendo huo ukiwa na mzigo."

Mayu kwetu ni mama, na ndivyo alivyoniita tangu nikiwa mtoto. Nilimwambia maikrofoni inamsikia. Akasema vizuri, na hao wanaotazama wajifunze.

Siku moja nilimwachia. Gemu lile linaendeshwa kwa vishale vinne vya kibodi, vilivyoko pembeni kulia, kwa hiyo mkono wake mzima ulitosha. Nilikuwa nimeliweka gari lipite kushoto kama barabara zetu. Alipoliondoa lile lori na kulisikia likiunguruma alicheka kwa sauti, mama akatoka jikoni na mwiko mkononi kuangalia kuna nini.

Tangu siku hiyo aliendesha kila mchana. Kulikuwa na vishindo vingi. Kila kishindo kiliposikika baba alisema, "Barabara mbovu hii," akaendelea. Sikutilia maanani. Nilijua hajazoea vishale, na mimi mwenyewe nilikuwa nikigonga.

Wiki kadhaa kabla ya msimu wa kununua pamba kufunguliwa, aliniuliza:

"Hii unayorekodi, mtu mwingine akiiona, anaona kila kitu nilichofanya?"

"Kila kitu, baba."

"Basi nirekodi. Nataka tajiri aone. Watu wamemwambia nimekwisha."

Nilifurahi. Nilidhani ni zawadi ndogo ninayoweza kumpa.

Kurekodi kwenyewe kulitusumbua. Mara ya kwanza aliendesha vizuri kwa mawazo yake, tukafungua faili tukakuta skrini nyeusi na sauti ya injini tu. Programu ilikuwa imerekodi giza. Nilibadilisha mipangilio, tukarudia. Safari hii picha ilikuwepo lakini ilikwama-kwama, kwa sababu kompyuta yangu ilikuwa imechoka na haikuweza kuendesha gemu na kurekodi kwa pamoja. Nikapunguza ubora wa picha, nikazima kila kitu kingine, nikaiinua kompyuta juu ya vipande viwili vya tofali ili ipate hewa. Baba alisubiri bila kulalamika. Aliniambia hata lori bovu linawashwa na fundi mwenye subira.

Mara ya tatu tulifanikiwa. Aliendesha kwa muda mrefu, amevaa shati lake la kazini. Mimi nilikuwa nyuma yake, macho yangu yakiwa kwenye kidirisha kidogo cha programu pembeni, nikichunga picha isikwame na sauti isipasuke. Barabara sikuitazama. Yeye alizungumza njia nzima, akimweleza tajiri: hapa napunguza, hapa napiga honi, hapa kuna shule.

Alipomaliza akaenda kupumzika. Nikakaa peke yangu kutazama, nikate mwanzo na mwisho nimtumie tajiri.

Dakika ya kwanza lori lilipanda ukingo wa barabara upande wa kushoto na kuangusha kibao. "Barabara mbovu," sauti ya baba ikasema. Mbele kidogo likalamba gari dogo lililoegeshwa, upande uleule. Ujumbe mwekundu wa kugonga ukatokea juu kushoto mwa skrini, hakusema kitu. Kona za kulia alizichukua kwa ustadi kabisa. Akalipisha basi lililokuja kutoka kulia, akawasha taa, akashukuru kwa honi. Kisha, barabara ikiwa nyeupe na imenyooka, alimgonga mwendesha baiskeli aliyekuwa kushoto, mbele yake, akionekana wazi. Gemu lile halioneshi damu. Mtu huanguka, kisha hupotea.

"Njia ni safi, tajiri," baba alisema.

Nilirudisha nyuma. Nikatazama tena. Nilihesabu alivyogonga, nikaacha kuhesabu. Vyote vilikuwa kushoto. Hakuna hata kimoja cha kulia.

Mchana huo mama alipomwekea ugali nilimwangalia akila. Alimaliza nusu ya kulia ya sahani, akanawa, akasema ameshiba na mboga ilikuwa kidogo. Mboga nyingine yote ilikuwa kushoto, haijaguswa. Mama kwa miezi alikuwa akisema ugonjwa umemwondolea hamu ya kula. Na majirani walikuwa wamelalamika kwamba siku hizi wakimsalimia akiwa amekaa barazani haitikii. Njia yao inapita kushoto mwa kiti chake.

Nilimwita mama nje nikamwonyesha. Alitazama video akiwa amesimama, kanga ameishika kifuani. Alipoona yule wa baiskeli akafunga macho.

"Haoni?"

"Sijui, mama. Nadhani hajui kwamba haoni."

"Basi mwambie wewe. Wewe ndiye unayejua hiyo mashine."

Nilikaa na jambo hilo siku mbili. Kulikuwa na dakika chache ndani ya video ambazo kushoto hakukuwa na chochote, ni mashamba tu, na baba aliendesha kama zamani. Ningeweza kukata hizo nikazituma. Hiyo ndiyo kazi niliyoijua vizuri kuliko zote. Lakini barabara ya Dutwa mchana ina akina mama wenye baiskeli za mahindi na watoto wanaotoka shule, na wote hupita pembeni kushoto. Kutuma nzima nayo ilikuwa ni kumvua baba nguo mbele ya mtu aliyemheshimu. Kila siku aliniuliza kama nimetuma. Nilisema faili ni kubwa, mtandao unasumbua.

Siku ya tatu nilimketisha, nikasimamisha video pale kwenye baiskeli.

"Baba, unaona nini hapa?"

"Barabara."

"Na nini tena?"

"Kuna duka kule kulia. Kuna mti." Alinitazama. "Unanipima?"

"Kuna mtu wa baiskeli, baba."

"Baiskeli gani?"

Niliweka kidole juu yake. Alikifuata kidole kwa macho mpaka mahali fulani, kisha macho yakarudi kulia. Nikaivuta kompyuta yote, nikaisogeza mpaka mwisho wa meza, kulia kwake kabisa. Pale akainama. Alimwona.

"Huyu ametoka wapi?"

"Alikuwepo. Ulimgonga, baba."

Nikaiachia video itembee. Alimwona mtu akianguka na kupotea. Nikasikia pumzi yake ikibadilika. Nilidhani ameelewa, nikataka kumshika bega, lakini alipogeuka alikuwa amekasirika kuliko nilivyowahi kumwona.

"Umemweka wewe."

"Hapana, baba."

"Nimekuona unavyokata na kubandika. Si wewe uliyeweka ng'ombe barabarani watu wacheke? Leo umeweka mtu, mimi nionekane muuaji." Akaisukuma kompyuta kwa mkono wake mzima. "Mimi nimeua nani, mayu? Niambie. Nimeua nani?"

Kila nilichoweza kumwonyesha kilikuwa kwenye mashine, na mashine alijua mimi ndiye mwenye kuitawala. Nililia mbele yake, naye aliyaona machozi yangu kama kukiri kosa. Akaniambia amenisamehe, ila nimtumie tajiri video ya kweli.

Sikutuma. Tajiri alikuja mwenyewe. Alikuwa akipita Dutwa kuangalia maghala kabla ya msimu, akaona si vizuri kupita bila kumwona mgonjwa. Ni mtu mdogo kwa baba kwa umri. Malori aliyarithi kwa baba yake, na baba yangu akarithiwa pamoja nayo.

"Mwadila, baba," alisalimia akiingia, na bahati nzuri aliingilia upande wa kulia. Baba aliitika kwa furaha, akataka kusimama.

Mama alileta soda. Kabla hata haijafunguliwa baba akasema, "Mayu, mwekee tajiri ile ya kweli."

Nilimtazama mama. Mama akatazama chini. Nikafungua faili, nzima kama ilivyorekodiwa, kwa sababu hakukuwa na nyingine. Kiti kilichobaki kilikuwa kushoto kwa baba. Tajiri akakaa hapo.

Mwanzoni alitabasamu kusikia sauti ya baba ikimtaja. Kibao kilipoanguka akacheka kidogo, kama mtu anavyocheka gemu. Lile gari dogo lilipolambwa akaacha kucheka. Nilimwona akisogea mbele. Baada ya hapo alikuwa akitazama mara skrini, mara uso wa baba, na baba hakugeuka hata mara moja, kwa sababu kwake upande ule haukuwa na mtu. Wakati wa baiskeli tajiri aliweka mkono mdomoni, akauacha hapo.

"Njia ni safi, tajiri," ilisema sauti ya baba kwenye kompyuta.

"Umesikia?" baba akauliza, akiwa ametazama mbele. "Sijasahau kitu."

"Nimesikia, mzee." Tajiri alikuwa bado akiitazama skrini. "Umeendesha."

"Basi nianze lini?"

Nilimwomba Mungu tajiri aseme ukweli. Mtu mwingine auseme, si mimi. Baba angemwamini. Tajiri akashusha pumzi, akaangalia fimbo iliyoegemezwa ukutani.

"Msimu ukifunguliwa nitakupigia."

Tajiri alipoinuka na kupita kulia kuaga, baba akamshika mkono akautikisa kwa muda mrefu. Nilimsindikiza tajiri mpaka kwenye gari. Alisimama ameshika mlango bila kuufungua.

"Ningemwambiaje, dada?" aliniuliza. Alikuwa ananiuliza kweli.

Mwishowe niliipeleka ile video kliniki ya mazoezi ya viungo mjini Bariadi, tulikokuwa tukienda kwa ajili ya mguu na mkono. Dada anayemfanyisha mazoezi aliitazama, akaomba aitazame tena. Akanieleza kwamba macho ya baba si mabovu. Ubongo ndio umeacha kuuhesabu upande wa kushoto, na ndiyo maana haumwambii kwamba kuna kitu kinakosekana. Alisema kumbishia hakusaidii. Tuwe tunamsemesha tukiwa kushoto, tumwekee chakula kidogo-kidogo upande huo, na kwenye ukingo wa kushoto wa skrini nibandike utepe mwekundu, awe anautafuta kabla ya kuanza.

"Atapona?" nilimuuliza.

"Wengine hurudi kidogo," alisema.

Msimu ulifunguliwa. Malori yalianza kupita yamejaa marobota, baba akikaa barazani na simu mapajani, sauti imewekwa juu kabisa. Wiki ya kwanza alisema tajiri ana shughuli nyingi. Wiki ya pili aliniambia niiangalie simu kama ni nzima. Niliipigia kwa simu yangu ikaita, nikatamani isingeita. Mama alimwambia labda mwaka huu gari ni chache. Baba akasema ndiyo, pamba haikuwa nyingi, ingawa tulikuwa tunayaona malori.

Utepe nimeubandika. Kila mchana kabla ya kuwasha injini namwambia, "Tafuta nyekundu, baba," naye anageuza shingo polepole, jasho likimtoka kana kwamba anasukuma gari. Siku nyingine anaupata. Siku nyingine anaishia katikati, anasema hakuna utepe, eti mimi nimeubandua. Juzi aliupata mara mbili mfululizo, mama akapiga makofi, kisha alipoondoa lori akapanda ukingo na kuangusha vibao kama kawaida.

Chaneli yangu siijazi tena. Sina moyo wa kuweka ng'ombe barabarani. Lakini narekodi kila anapoendesha, kwa kuwa kliniki wanataka kulinganisha, na kwa kuwa yeye mwenyewe hataki kuendesha kama kompyuta haijaandika kwamba inarekodi. Mafaili yamejaa mpaka nimeanza kufuta kazi zangu za chuo kupata nafasi.

Jana alipomaliza alijifuta uso, akaniuliza kama hii nimemtumia tajiri.

"Nimetuma, baba."

"Amesemaje?"

"Bado hajaifungua."

Akasema tusimharakishe, huu ni wakati wake wa kazi. Akainuka kwa fimbo kwenda kujilaza, bega la kushoto likagonga fremu ya mlango. Hakusimama.