Courtade Aliyeogopa Makunyanzi

Anselme Courtade alizaliwa Joinville, kando ya mto Marne, baba yake akiuza makaa ya mawe, na tangu utoto alikuwa hodari wa jambo moja tu: kumjua mtu wa kumchekea. Kipaji hicho ndicho kilichomwingiza studio ya filamu. Wenzake walianza kwa kubeba taa mpaka mabega yakachubuka. Yeye alianza kwa kumshikia mwavuli mke wa mwenye studio, na kabla mvua za mwaka ule hazijakatika, alikuwa keshakaa nyuma ya kamera.

Mkewe, Odile, aliyajua hayo kuliko mtu mwingine, maana naye alifanya kazi jengo hilohilo, chumba cha kuunganishia filamu, akikata vipande na kuvibandika kwa gundi, mikono ndani ya glavu nyeupe. Kila alichopiga mumewe kilipita vidoleni mwake. Na kila alichopiga kilikuwa kilekile. Msichana, mjane, malkia, muuza samaki, wote nyuso zao laini kama sabuni iliyolala majini. Ujuzi wake wote ulikuwa kipande cha soksi ya hariri alichokivuta mbele ya lenzi ili makunyanzi yasionekane. Waigizaji wa kike walimpenda. "Courtade kanipunguzia umri," walisema, naye akainamisha kichwa kama mnyenyekevu, utadhani hariri ile kaifuma mwenyewe.

Asubuhi studio nzima hupeana mikono, mmoja mmoja, hata ukichelewa. Anselme alimpa mwongozaji mkono mzima, fundi wa sauti nusu, mafundi wa taa vidole viwili huku akitazama kwingine.

"Leo kakupa vingapi?" waliulizana nyuma yake.

"Kimoja na nusu. Naona nashuka cheo, ndugu yangu."

Odile alisikia, akaendelea kubandika vipande vyake. Nyumbani palikuwa na mtoto, Blanche, ambaye alipolia uso wake mzima ulikunjamana kama kabichi, na Odile aliupenda uso ule mpaka machozi yakamtoka. Anselme alikataa kuupiga picha. "Mbembeleze kwanza," alisema. "Akiwa hivyo hana maana."

Miaka yote hiyo jina lake halikuwahi kusimama peke yake kwenye skrini. Lilikaa chini ya jina la mkubwa wake, herufi ndogo, na lilimuuma kama kijiwe kwenye kiatu. Ndipo mwongozaji Vaudrey, ambaye mpiga picha wake mkuu alivunjika mguu, akamchukua Anselme badala yake. Hatimaye! Filamu ilimhusu mama mkulima aliyefiwa na wanawe vitani, na mama huyo alikuwa Hortense Bréval, aliyewahi kuwa mrembo wa mji mzima na sasa ni bibi kizee.

"Nataka kila kunyanzi," Vaudrey alimwambia. "Ukinificha hata moja, unaondoka, na jina lako linaondoka nawe."

"Kila kunyanzi, bwana mkubwa."

Jioni, kwenye supu, alicheka. "Hakuna mwanamke anayetaka ukweli. Bréval atanishukuru, na Bréval ana marafiki kila studio."

"Kwani kakuomba?" Odile aliuliza.

"Mambo haya hayaombwi, mke wangu. Safari hii soksi naiweka nyuma ya lenzi, ndani kabisa. Nani ataiona?"

Siku ya kutazama vipande vya kwanza, baada ya chakula cha mchana, wote waliingia chumba cha giza. Uso wa Bréval ukatokea. Hakuna macho, hakuna paji la uso. Ukungu mtupu wenye midomo.

"Huyo nani?" Bréval mwenyewe akauliza. "Niliambiwa nacheza mama aliyezika watoto. Mimi namwona bibi harusi kaanguka kwenye unga."

Watu wakaangua kicheko. Vaudrey akawasha taa. Anselme alikuwa keshasimama.

"Ni maabara! Wamesafisha filamu kwa dawa chafu. Ni huyo Pastol!"

Mzee Pastol wa maabara alikuwa amekaa nyuma, kofia mapajani.

"Muulizeni mke wangu, ndiye anayezishika filamu kila siku," Anselme akaendelea, akitabasamu lile tabasamu la mwavuli. "Odile, waambie."

Macho yote yakamgeukia. Odile alimtazama mumewe, akamtazama Pastol, ambaye mikono yake ilikuwa imebabuka kwa dawa za miaka mingi. Neno moja tu, na mzee yule angekosa mkate.

"Dawa haina kosa," alisema. "Ni soksi. Iko nyuma ya lenzi. Fungueni kamera, mtaiona."

"Soksi ya nani?" fundi wa taa mmoja akadakia.

"Yangu. Na nyingine sina."

Hakuna aliyecheka safari hii. Anselme aliangaza huku na huku akitafuta mtu wa kumchekea, akamkosa.

"Chukua kofia yako, bwana Courtade," alisema Vaudrey.

Usiku ule Anselme hakugusa sahani. "Umeniaibisha mbele za watu."

"Ulitaka kummaliza mzee wa watu," Odile alijibu, akimfuta Blanche mdomo. "Kula. Supu inapoa."

Anselme hakupata tena filamu. Alipata matangazo ya sabuni na poda, na huko alifanikiwa sana, maana sabuni haina kunyanzi na haijibu. Lakini tangazo haliandikwi jina la aliyelipiga. Kila Jumamosi alimburuta Odile kwenye sinema ya Joinville wafike mapema, akaketi wima kwenye kiti kutazama sabuni zake zikimeremeta, huku watu wakiingia wakipiga soga, wakinunua peremende, wakimkanyaga miguu kutafuta nafasi kabla filamu haijaanza.