Kijino cha Shangazi Rahma

Nakumbuka siku moja mwaka huu, mwanangu, nilipotoka Sib, hapa Omani, na mjukuu wangu kwenda Matrah, kutazama maonyesho ya senema za zamani. Mezani nikaiona mashine ya kuonyeshea senema, nikaijua. Chini yake kibao: kijino cha kuvutia mkanda kimebuniwa na fulani, tajiri wa senema, Unguja. Damu ikanichemka.

Kijino kile kilibuniwa na shangazi yangu Rahma, mshoni wa Malindi ya Unguja, nami nililelewa kwake. Tajiri alipoinunua ilikuwa ikiuvuta mkanda kwa nguvu na kuukata, watu wakazomea. Akamwomba shangazi msaada, naye akatazama cherehani yake: inavuta kitambaa kidogo, inatua, inavuta tena. Akachonga kijino cha chuma kifanye vivyo hivyo. Mikanda ikaacha kukatika. Tajiri akapiga muhuri wa jina lake, na shangazi akanyamaza.

"Mungu anajua," alisema.

Bibi yangu, mamake, akaweka kikombe chini. "Mungu anajua, Rahma. Watu je? Nani atawaambia?"

Shangazi akarudi kwenye cherehani yake. Alikufa bila kujibu.

Basi nikamwita kijana wa maonyesho. Nikamweleza yote.

"Bibi, haya ndiyo tulopewa na jamaa za tajiri," akasema kwa adabu.

"Na jamaa zangu mimi mliwauliza?"

Akainamisha kichwa. Mjukuu wangu akanivuta buibui, lakini sikuondoka mpaka alipoahidi kubadilisha. Wiki ya pili tukarudi. Kibao kipya kilikuwepo, na jina la shangazi limo, ila mbele yake wameandika "inasemekana". Tajiri alipoandikwa, hakuna alosema inasemekana. Nikawaambia walifute neno lile. Mpaka leo hawajalifuta, na mimi bado nakwenda kila wiki.

Mwanangu, mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Ukiona kazi nzuri, uliza nani aliifanya, usitosheke na aloisimamia. Mfundishe mwanao jina hilo, mwenyewe angali hai na anasikia. Na hasira ya haki usiionee haya. Ona haya kukaa kimya.

Mola akupe ulimi usioogopa, akulinde na wanaojivika kazi za wenzao, na kazi yako ijulikane kwa jina lako ungali unatembea juu ya ardhi. Amin.