Mama wa Kwenye Kiti

Haki ya Mungu, hii si filamu. Filamu zangu nazijua, maana nazitunga mwenyewe. Hii sikuitunga.

Natengeneza sinema hapa Misiera, ndani ya Nakivale, kambi yetu ya wakimbizi Uganda. Naandika hadithi, nashika kamera, naigiza, hata mavazi nashona. Watu wananicheka: "Wewe ni kampuni ya mtu mmoja!" Wacheke. Zamani tulikuwa kundi, kisha wenzangu wakapelekwa ng'ambo, mimi nikabaki. Upweke, ndugu yangu, usikie tu kwa jirani.

Jumapili moja asubuhi, watu wakiwa kanisani, nilikuwa napiga sehemu ngumu: kijana anarudi nyumbani kwa mama yake. Mama wa kuigiza sikuwa naye. Hata aliyenizaa tulipotezana Kivu ya Kusini siku ya kukimbia vita, nikiwa mdogo. Sura yake imenitoka. Basi nikaweka kiti, nikajifunga kitenge niwe mama mimi mwenyewe.

Mara, "Hodi!" Mama mzee, simjui.

"Utakuwa mama namna gani na hizo ndevu? Acha mi nikae."

Nilifurahi, weee! Hata jina sikumuuliza. Nikavua kitenge, nikawasha kamera, nikaingia mlangoni kama kijana wa hadithi.

Niamini, maneno sikumpa. Alinitazama akasema, "Umekonda, Kasuku. Nani anakupikiaka huku?"

Kasuku! Ndivyo mama alivyoniita, kwa sababu nilipenda kuiga watu. Nani Uganda analijua jina hilo? Nikalia, tena si kwa kuigiza. Nilipopangusa macho, kiti kilikuwa kitupu.

Nilikwenda Mbarara kwa rafiki anayenisaidia kompyuta. Picha ikafunguka: mimi na kiti, basi. Lakini sauti yake imo, safi kabisa. Rafiki akaniambia, "Beba vitu vyako utoke."

Tangu hapo, kila nikipakua chakula nasikia nyuma yangu, "Kula, Kasuku."

Nilimweleza mchungaji wetu, akaniuliza, "Siku ile ulisema 'Coupez'?" Kwetu kwenye sinema direkta, yaani mwongozaji, ndiye anayesema hivyo, yaani kateni, ndipo mwigizaji anaacha. Sikusema, nilikuwa nalia. "Basi hajamaliza kuigiza," akasema. "Rudi fasi ile ile ya kiti umwambie neno hilo."

Wewe unayepiga sinema peke yako, usimkaribishe mwigizaji usiyemjua. Na ukimkaribisha, kata mapema, kabla hujaizoea sauti yake. Mimi nimechelewa. Neno ni moja tu, nalijua. Nikilisema, nitakula na nani?