Chafya ya Mnanaa

Kitu cha kwanza mkaza mwana alichokiona kwa mama mkwe wake ni kupiga hodi jikoni, ambamo hamkuwa na mtu ila mnanaa uliooteshwa koponi. Kila asubuhi mama mkwe aliupangusa jani kwa jani, akipapasa, maana macho yalishaingia ukungu. "Mnanaa hujua siku njema. Siku huo utakapopiga chafya, nitakwenda kupasuliwa macho," alisema. Mara mbili zamu yake hospitalini ilipita hivihivi. Mara ya pili mkaza mwana, mfamasia mzima, alijipigisha chafya nyuma ya mlango. "Hiyo yako, mwanangu. Ya mnanaa ni nyembamba." Leo ilikuwa zamu ya mwisho, na teksi ilishapiga honi. "Mama, twende, utapofuka!" "Shii! Mnanaa unavuta pumzi." Mkaza mwana akasonya kimoyomoyo, akashika kiuno, kisha, huku akijilaani, akainama, akautegea mnanaa sikio.