Maji Yaliyopewa Mdomo

Nilipoolewa Mbololo, mwanzoni mwa miaka ya hamsini, shamba la mume wangu lilikuwa chini ya shamba la baba yake mdogo, kwenye mteremko mkali unaotazama Voi. Mvua ikinyesha, maji yalishuka yametandaa, yakapita katika mahindi ya mzee, kisha katika yetu, mpaka korongoni. Mvua ikikatika, nayo yalikwisha. Hatukuwahi kugombana kwa ajili yake.

Kisha serikali ikaamuru kila mtu achimbe matuta na mifereji ya kuzuia udongo usichukuliwe na maji, na askari wa chifu wakawa wanapita kukagua. Baba mdogo alichimba. Lakini mfereji wake wa juu aliuinamisha upande mmoja, na mdomo wake ukaishia juu ya nyumba yetu. Mume wangu alimwendea kabla ya vuli.

"Baba, mfereji huu unatuelekea sisi."

"Nimechimba kwangu," mzee akajibu. "Maji ya mvua ni ya Mungu. Yakishatoka kwangu, si yangu tena."

Mvua kubwa ya kwanza ilinikuta jikoni nikisonga ugali. Nilisikia mawe yakisagana huko juu, na kabla sijageuka ukuta ukaniangukia. Maji mekundu yalinizoa pamoja na sufuria na mafiga, yakanibamiza kwenye mgomba. Nilipoinuka, zizi halikuwepo. Mbuzi walikuwa wamenasa kwenye ua wa miba chini ya shamba, shingo zimepinda. Mama mkwe alikuwa amezama kwenye tope mpaka kiunoni, akipiga kelele. Mume wangu alipomchomoa, tuliona mguu wake umevunjika, mfupa umetokeza nje.

Alimlaza mapajani mwangu, akachukua panga, akapanda mlima. Nilimwachia jirani mama mkwe, nikamfuata mbio.

Tulimkuta baba mdogo ndani ya mfereji wake, anazibua takataka ili maji yaende kwa kasi zaidi.

"Ziba!" mume wangu akapaza sauti. "Nusura umuue mama!"

"Nizibe yanibomolee matuta, halafu askari waje wanifunge?"

Mume wangu akaanza kuubomoa ukingo wa mfereji kwa panga. Mzee akampiga na mpini wa jembe kichwani, damu ikamjaa machoni. Mume wangu akapiga panga ovyo bila kuona. Vidole vya mkono wa kushoto wa mzee vilianguka kwenye maji, na maji yakavichukua. Mke wa mzee akatoka na mchi, akanipiga begani. Nikamrukia. Tulianguka wote wawili mferejini, nikamng'ata mkono mpaka nikaonja damu. Watu wa ng'ambo ya korongo ndio waliotutenganisha, wakatufunga mikono kwa kamba kama wezi.

Wazee wa mahakama hawakuamua kesi wakiwa wamekaa. Walikuja kuliona shamba. Mkubwa wao alishuka mteremko wote kwa miguu, akachungulia nyasi, kisha akamuuliza mume wangu, "Kabla ya mfereji huu, maji haya yalikuwa na njia? Yalikuwa na kingo?"

"Hapana, mzee. Yalitandaa tu."

"Basi hayakuwa mto, wala hayakuwa na mwenyewe. Aliye juu hashtakiwi kwa mvua, na aliye chini anaruhusiwa kujikinga." Akamgeukia baba mdogo, aliyekuwa amefunga mkono kwa kanga. "Lakini wewe umeyakusanya, ukayapa mdomo, ukauelekeza kwa mwenzako. Hayo sasa yana mwenyewe, na mwenyewe ni wewe. Mfereji utaupeleka mpaka korongoni."

"Na mguu wa mama yangu?" mume wangu akauliza.

"Ungekuja kwetu kabla ya panga, leo tungeuzungumzia mguu."

Mume wangu alipelekwa Voi, akafungwa. Baba mdogo hakuweza tena kushika jembe, kwa hiyo mkewe ndiye aliyechimba, peke yake, kwenye udongo wenye mawe. Nilimtazama kutoka kwangu, nikafurahi anavyoteseka. Lakini mawingu yalikuwa yakijikusanya tena, na mama mkwe amelala ndani, hawezi kukimbia. Nikachukua jembe, nikaanza kuchimba kutoka korongoni nikimwelekea. Tulipokaribiana niliona alama za meno yangu mkononi mwake, bado zimevimba.

"Hapa pana jiwe," akasema. "Nishikie mtaimbo."

Nikamshikia. Mvua ilipokuja, maji yalipita kando ya nyumba kwa kishindo, yakaishia korongoni.

Mume wangu aliporudi kutoka kifungoni, alikutana na baba yake mdogo njiani. Mzee aliuficha mkono ndani ya koti. Mume wangu akashuka kwenye majani kumpisha, macho chini. Hawakusalimiana siku hiyo, wala siku nyingine yoyote mpaka mzee alipokufa. Mama mkwe alitembea kwa mkongojo maisha yake yote. Mimi na mke wa mzee tulizoea kwenda sokoni pamoja, tukizungumza habari za watoto na bei ya maharagwe.